"Nitafutie huyu mtu": mwongozo wa kusaka namba na kumbukumbu za mtu mtandaoni ukiwa Mwanza

Steshenari yangu iko Nyakato, kando ya barabara ya Musoma. Kwenye bango nimeandika kuprinti, kuskani, fotokopi, TIN, mikopo ya vyuo na maombi ya ajira. Kazi moja sijaiandika, na ndiyo inayoletwa kwa sauti ya chini. Mtu anaingia, anasubiri wenzake wapungue, anavuta kiti, halafu: "Mwanangu, nitafutie huyu mtu."

Wa karibuni alikuwa mama mmoja anayeuza dagaa Mwaloni, Kirumba. Alimkopesha mnunuzi magunia kumi na mawili, akapewa risiti yenye mhuri wa kampuni na namba ya simu. Wiki ya pili simu ikawa haipatikani. Alichobaki nacho ni ile risiti, namba ya simu, na namba ya lori ambayo kijana wa kupakia aliikariri. Nitakuwa nikimrudia, maana njia tuliyopita naye ndiyo ninayompitisha karibu kila anayekuja.

Kwanza nikuondolee tamaa moja. Hakuna tovuti ya Tanzania ambako unaandika jina la mtu ukapewa simu yake, nyumba yake na kesi zake. Zile unazoziona kwenye video, Whitepages, Spokeo na wenzao, ni za Marekani. Zinakusanya kumbukumbu za huko na kuziuza. Ukiweka jina la mtu wa Misungwi utaonyeshwa kiduara kinachozunguka, utaambiwa subiri, mwisho utaombwa dola. Usilipe. Huku kwetu kumbukumbu zimegawanyika: kampuni ziko BRELA, hukumu ziko mahakamani, viwanja viko kwa Msajili wa Hati, vizazi na vifo viko RITA, mawakili wana daftari lao. Kwa hiyo kabla ya kubonyeza chochote jiulize huyu mtu aliwahi kuandikishwa wapi, na aliandikishwa kama nani. Mlango utakaobisha unategemea jibu hilo.

Hatua ya 1: Karatasi kabla ya bando

Chukua karatasi uandike majina yote unayomjua nayo, hata la utani. Andika namba zake zote, hata zilizokufa. Andika alikoishi na mwaka, kazi yake, shule aliyosoma kama unaijua, dhehebu lake, na nani alikutambulisha kwake. Mstari huo wa mwisho watu wanauruka, na mara nyingi ndiyo wenye mtu. Nimeshuhudia kijana akimaliza bando lake lote akimsaka fundi aliyeletwa nyumbani na shemeji yake mwenyewe. Shemeji alikuwa anayo namba mpya.

Hatua ya 2: Jina, na tabu zake

Hapa ndipo kazi ilipo, na hapa ndipo wengi wanapokata tamaa mapema.

Kanda ya Ziwa mtu mmoja ana majina matatu au manne, na kila daftari limechukua lake. Nyumbani ni Masanja. Kwenye cheti cha ubatizo ni Petro. NIDA, wa vitambulisho vya taifa, wameandika Petro Masanja pamoja na jina la babu. Sokoni ni Baba Kulwa. Ukimsaka Baba Kulwa kwenye kumbukumbu za serikali jua litazama, na ukimuulizia Petro pale sokoni utaambiwa hapa hakuna mtu huyo, huku amekaa hatua tano kutoka ulipo. Kulwa na Doto wenyewe ni majina ya mapacha, kwa hiyo yamebebwa na watu wengi wasio na undugu wowote. Usije ukampigia Doto wa watu ukamdai.

Makarani nao wana yao. Sauti ya *ng'w* ya Kisukuma imeandikwa kila namna: Ng'wandu, Ngwandu, Nghwandu, Mwandu. Mzee wa Kisukuma akitamka Maria, karani alisikia Malia, akaandika Malia, na mpaka leo mjukuu anaitwa hivyo kwenye cheti. Hamisi utamkuta Hamis na Khamis. Mohamedi ana sura zisizohesabika. Kile kialama cha juu kwenye *ng'* nacho ni mtego, kwa sababu kompyuta moja inakiandika kimenyooka na nyingine kimepinda, na mashine ya kutafutia inaweza kuona hayo ni maneno mawili tofauti. Jaribu bila kialama kabisa.

Kwa hiyo jedwali langu la jina lina safu tatu: jina linavyotamkwa, linavyoweza kuwa limeandikwa, na mpangilio wake. Mpangilio una maana. Utaratibu wetu ni jina lako, la baba, kisha la babu, lakini fomu nyingi zinaanza na la ukoo, na mtu aliyejitambulisha kwako kwa majina mawili huenda aliruka la kati. Geuza, ondoa moja, rudisha.

Ukishafanya hivyo, nenda Google uweke majina ndani ya alama za kunukuu, ili yatafutwe yakiwa yamefuatana. Mbele yake ongeza site:go.tz, na utafutaji utabaki kwenye tovuti za serikali tu. Ongeza tena filetype:pdf. Sababu ni kwamba serikali yetu inapenda kutundika orodha za majina za PDF: walioitwa kwenye usaili na Sekretarieti ya Ajira, waliopangiwa vituo vya kazi, waliochaguliwa kidato cha tano. Orodha hizi hazina namba ya simu. Zinachokupa ni majina matatu yaliyoandikwa kwa ukamilifu, mwaka, na pengine shule au halmashauri, na hicho ndicho chambo cha hatua zinazofuata. Ukikuta PDF ndefu ya kurasa mia, bonyeza Ctrl na F kwa pamoja uandike jina moja tu. Kama faili ni picha iliyoskaniwa, utafutaji wa ndani hautaona kitu. Hapo ni macho yako na chai.

Na ukikosa jina usikimbilie kusema mtu hayupo. Meli ya MV Bukoba ilipozama tarehe 21 Mei 1996, ikiwa inakaribia Mwanza, orodha ya abiria wa daraja la kwanza na la pili ilikuwepo. Wa daraja la tatu hawakuandikwa. Ndiyo maana idadi ya waliokufa inabishaniwa mpaka leo. Watu wa ziwani tumezoea kusafiri, kuuza na kukopeshana bila karatasi, na yule ambaye hakuandikishwa popote hutampata kwa bando la aina yoyote.

Hatua ya 3: Namba ya simu

Namba ya simu inasema zaidi ya watu wanavyodhani, na inadanganya zaidi ya wanavyodhani.

Tarakimu za mwanzo zilikuwa zinakwambia mtandao: 075 Vodacom, 078 Airtel, 071 Tigo ambayo sasa ni Yas, 062 Halotel. Lakini tangu Machi 2017 mtu anaweza kuhama mtandao na namba yake, kwa hiyo tarakimu hizo zichukulie kama dokezo tu. Ikianza na 028 ni simu ya mezani ya ukanda wetu huu wa Mwanza, na hiyo ina faida kubwa: iko mahali, haina miguu. Ofisi nyingi za serikali bado wanazo, na zimeandikwa chini kabisa ya tovuti zao.

Namba ya mkononi tunaipima kwa pesa. Ingia kwenye menyu ya kutuma pesa ya mtandao wako, weka namba ile na kiasi kidogo kama shilingi mia tano. Kabla hujathibitisha muamala, jina la mwenye akaunti litatokea. Lisome, liandike, kisha katisha. Wakala wa mtaani anaita hili "kuangalia inasoma nani", na namba inaweza kusoma jina hata kama simu yenyewe imezimwa. Nenda taratibu, nimemwona mtu akithibitisha kwa mazoea, na mia tano ikaenda zake.

Namba ya yule mnunuzi wa dagaa ilisoma majina matatu, na hakuna hata moja lililofanana na alilompa mama. Mama alinyamaza kidogo, akasema, "Kumbe hata salamu zangu nilikuwa nampa mtu mwingine."

Sasa tahadhari. Laini zinasajiliwa kwa alama za vidole na namba ya NIDA, na zile ambazo hazikusajiliwa hivyo zilianza kuzimwa Januari 2020. Hata hivyo jina linalosoma ni la aliyeweka kidole, na huyo anaweza kuwa mke, kaka, au bibi wa kijijini aliyeombwa "kusaidia kidogo". Kwa hiyo jina hilo ni mwanzo wa kuuliza. Programu ya Truecaller nayo inakuonyesha jina ambalo watu wengine wamempa mwenye namba. Ukikuta "Fundi Mabati Igoma" umepata kazi na mtaa, ukikuta "Usipokee" umepata ushauri.

Usiende dukani kwa kampuni ya simu kuomba taarifa za mteja wao, na usimpe wakala hela ya soda akuchungulilie. Hawaruhusiwi, na wewe utakuwa umeingia kwenye kosa. Kama ni wizi au utapeli, fungua jalada polisi, chukua RB, yaani namba ya taarifa yako, na wao wana njia ya kisheria ya kuomba. Ujumbe wa "tuma kwenye namba hii" unausambaza kwenda 15040, ni bure.

Hatua ya 4: Kampuni, au kilichojiita kampuni

Mhuri si usajili. Mtu yeyote mwenye elfu kadhaa anachongewa mhuri mjini, na mchongaji haulizi cheti.

BRELA, yaani Wakala wa Usajili wa Biashara na Leseni, wana mfumo wa usajili kwa njia ya mtandao unaoitwa ORS, kwenye ors.brela.go.tz. Kuna sehemu ya wazi ya kutafuta kwa jina au kwa namba ya usajili. Andika neno moja lenye uzito, lisilo la kawaida, kwenye jina la kampuni; ukiandika "Lake" au "Victoria" utaletewa ziwa zima. Kinachotoka ni jina kamili, namba, aina ya usajili na hali yake.

Angalia aina. Kampuni ni kitu kimoja na jina la biashara ni kingine. Kampuni ina wakurugenzi na wanahisa, na inashtakiwa yenyewe kwa jina lake. Jina la biashara ni kivuli tu cha mtu au watu walio nyuma yake. Deni ni lao moja kwa moja. Risiti ya mama ilisema "Co. Ltd". Kwenye mfumo hapakuwa na kampuni ya jina hilo. Palikuwa na jina la biashara linalofanana nalo, bila Co. wala Ltd. Hilo lilimtisha mama, mimi nikaona ni nafuu, kwa sababu sasa tunamsaka mtu mwenye mwili.

Ukitaka kujua wakurugenzi, wanahisa na anwani ya ofisi iliyosajiliwa, unaomba taarifa rasmi ndani ya mfumo huo huo. Utahitaji akaunti, na akaunti inafunguliwa kwa namba yako ya NIDA. Kuna ada, mfumo unakupa namba ya malipo na unalipia kwenye simu. Fanya hivyo ukiwa umeshajiridhisha kwamba ndiyo kampuni yenyewe, kwa sababu ada ya kuangalia kampuni ya watu wengine hairudi.

Kanisa, msikiti au taasisi inayomiliki mali kupitia bodi ya wadhamini usiitafute BRELA. Bodi hizo zinasajiliwa RITA. Leseni za biashara ndogo na za kati zinatolewa na halmashauri, siku hizi kupitia mfumo wa TAUSI. Na hapa wageni wanapotea: Mwanza mjini kuna halmashauri mbili, Jiji la Mwanza lenye Nyamagana, na Manispaa ya Ilemela. Mwaloni iko Kirumba, na Kirumba ni Ilemela. Nimeona mtu akipanda ngazi za jiji siku mbili akiulizia kibanda kilichoko upande wa pili.

Hatua ya 5: Hukumu

Huu ndio mlango ninaoupenda, na wateja wangu wengi hawaujui. TanzLII, tanzlii.org, inaendeshwa na Mahakama ya Tanzania na ni bure kabisa. Hukumu na amri za Mahakama ya Rufani na Mahakama Kuu, pamoja na masjala ya Mwanza, zimewekwa humo unasoma mwanzo hadi mwisho. Mahakama za mwanzo, ambako madeni mengi ya sokoni yanaishia, kwa kawaida hutazikuta, isipokuwa kesi iliyokatiwa rufaa ikapanda.

Weka majina matatu ndani ya alama za kunukuu. Hukumu nyingi zimeandikwa kwa Kiingereza, kwa hiyo ukitafuta neno "dagaa" peke yake utapata machache. Majina ya watu na ya mitaa ndiyo hayabadiliki. Kwenye kesi za jinai utakuta alama ya @ katikati ya majina. Hiyo ndiyo namna mahakama inavyoandika jina la utani, na kwa anayemsaka mtu anayeitwa vingine mtaani, ni dhahabu. Kila hukumu ina namba yake ya kudumu, kwa mfano inayoanza na mwaka kwenye mabano ya mraba ikifuatiwa na TZHC kwa Mahakama Kuu au TZCA kwa Rufani. Nakili namba hiyo.

Majina yaliyosoma kwenye simu ya mdeni wa mama tuliyakuta. Kulikuwa na rufaa ya deni la mahindi, miaka michache nyuma. Je, ndiye? Jina kufanana si kitu. Nilishasema habari za Kulwa. Tulisoma kurasa zote nane tukitafuta kitu cha pembeni. Ukurasa wa tatu ulimtaja mrufani kuwa mfanyabiashara wa mazao, na ulitaja mji ambao mama alikuwa ameuona ubavuni mwa lori. Mambo matatu yakikutana, jina, kazi na mji, mimi ndipo ninapoanza kuamini. Mawili hayatoshi.

Hukumu haikuwa na simu yake. Ilikuwa na jina la wakili aliyemwakilisha.

Mawakili wote wako kwenye mfumo wa e-Wakili wa Mahakama, ambako unaona kama mtu ni wakili kweli na kama ana ruhusa ya kufanya kazi kwa sasa. Tulimkuta hai kwenye mfumo, ofisi yake ina namba ya wazi. Mama alipiga mwenyewe. Hakumwomba wakili namba ya mteja wake, asingepewa. Alimwomba afikishe ujumbe. Siku ya tatu simu ya mama iliita kutoka namba ngeni.

Milango midogo, kwa haraka

Madaktari, wahandisi, makandarasi, wahasibu na wafamasia kila kundi lina bodi au baraza lake lenye daftari. Kabla hujampa mkandarasi milioni zako, muulize namba yake ya usajili CRB, bodi ya makandarasi, uihakiki mwenyewe.

Gari: jina la mwenye gari haliko wazi kwa kila mtu. Mfumo wa polisi wa usalama barabarani unakuonyesha faini zinazodaiwa gari kwa namba yake, na mfumo wa TIRA, mamlaka ya bima, unakuonyesha kama bima ipo na imetolewa na kampuni gani. Namba ya lori ya mama ilitupa bima, basi. Zaidi ya hapo ni polisi.

Ardhi: kama kiwanja kimepimwa na kina hati, unaomba upekuzi kwa Msajili wa Hati ukiwa na namba ya kiwanja na kitalu, au namba ya hati. Utajua mmiliki ni nani na kama kuna rehani au zuio. Usinunue kiwanja Buswelu au Kisesa kwa kuonyeshwa fotokopi ya hati, hata kama dalali ni mjomba wako. Kama hakijapimwa, hakuna cha kupekua mtandaoni; ni serikali ya mtaa, majirani wa pande nne, na viatu vyako.

Ng'ambo ya ziwa

Wauza samaki wetu wanafanya biashara na Kisumu, Migori, Jinja na Entebbe, na mdeni akivuka mpaka watu wanadhani ndiyo mwisho. Kenya, taarifa za kampuni zinaombwa kupitia eCitizen, tovuti ya huduma za serikali yao. Karatasi unayoitaka inaitwa CR12, inaonyesha wakurugenzi na wanahisa. Hukumu zao ziko Kenya Law. Uganda, kampuni ziko URSB, msajili wao, na hukumu ziko ULII, ndugu wa TanzLII. Na usisahau maneno: dagaa wetu kwa Mkenya ni omena, kwa Mganda ni mukene. Ukimsaka mnunuzi wa Kisumu kwa neno "dagaa" unajitafutia mwenyewe.

Ndugu aliyepotelea Uingereza na ana kampuni, nenda Companies House, msajili wa kampuni wa huko. Ni bure, na jina la mkurugenzi linatoka pamoja na mwezi na mwaka wa kuzaliwa na anwani ya kupokelea barua. Marekani kila kaunti ina kumbukumbu zake za nyumba na za mahakama, nyingi bure kwenye tovuti ya kaunti yenyewe. Kwa hiyo unahitaji kwanza kujua kaunti. Mji peke yake hautoshi.

Intaneti ikiishia

Itaishia. Hapo anza na mtendaji wa mtaa au wa kijiji, namba yake utaipata halmashauri. Kwa mvuvi, uliza viongozi wa BMU, kikundi cha kusimamia mwalo, pale anapotia nanga; wanajua nani ana mtumbwi gani na nani kahamia kisiwa gani msimu huu. Kwa mtu wa Ukerewe au Ukara, wahudumu wa kivuko wanabeba ujumbe haraka kuliko barua pepe.

Kama unachotaka ni taarifa iliyoko ofisi ya umma, iombe kwa maandishi. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016 inampa raia haki hiyo, na ofisi inatakiwa kujibu ndani ya siku thelathini. Andika barua mbili, moja igongwe mhuri wa kupokelewa ubaki nayo. Ofisi zinajibu barua yenye mhuri kwa adabu tofauti kabisa.

Ninaowakatalia

Alikuja kijana mmoja, mpole wa maneno, akitaka nimtafutie mkewe aliyeondoka na watoto. Alikuwa na picha yake na namba tatu. Nilimwambia mtandao uko chini. Mtandao haukuwa chini. Mtu aliyeondoka nyumbani usiku na watoto huenda anajua anachokikimbia, na mimi siwezi kukipima kwa kuangalia sura ya anayeuliza. Nilimwelekeza ustawi wa jamii, ambako kama ana haki ya kuona watoto itasemewa mbele ya watu.

Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei 2023, imeipa mambo haya meno, na kuna Tume inayopokea malalamiko. Namba ya mtu uliyoipata kwa kazi moja usiitupe kwenye kundi la WhatsApp. Usitundike picha ya kitambulisho cha mdeni ukiandika "tapeli". Namba ya NIDA ina tarakimu ishirini, na zile nane za mwanzo ni tarehe ya kuzaliwa. Ukiitundika umegawa zaidi ya jina.

Na wewe mwenyewe, piga *106# uone laini zilizosajiliwa kwa kitambulisho chako. Ukikuta usiyoijua, nenda kaifute kwa mtandao husika leo, kabla jina lako halijaanza kusoma kwenye simu ya mtu aliyelizwa.

Ujumbe wa kwanza

Umempata. Usipige usiku, na usianze na deni. Sema wewe ni nani, namba yake umeipata wapi, unataka nini, na mpe nafasi ya kukataa. Mfano: "Shikamoo. Mimi ni fulani wa Nyakato, mtoto wa marehemu fulani. Namba yako nimepewa na mwenyekiti wa mtaa wenu. Naomba kuzungumza nawe kuhusu kiwanja cha Mkolani ukipata nafasi. Kama si wewe, niwie radhi, nitaifuta namba." Anayepokea ujumbe kama huo mara nyingi anajibu, na kama si yeye, mara nyingi anakwambia ni nani.

Kila ulichokuta kiprinti siku hiyo hiyo, na kwa kalamu uandike juu tarehe na anwani ya ukurasa. Kurasa zinabadilika. Faili la mama lina karatasi saba: risiti, ukurasa wa BRELA, hukumu ya mahindi ukurasa wa kwanza na wa tatu, bima ya lori, na makubaliano ya kulipa kwa awamu tatu yaliyosainiwa mbele ya mtendaji, kurasa mbili. Awamu ya kwanza na ya pili zimeingia. Ya tatu ilikuwa iingie Ijumaa iliyopita, na jana mama alipita kuniuliza fotokopi ya faili zima ni shilingi ngapi.